Namba za Marekani huzaliwa majimboni

Ukifungua jedwali rasmi la kiwango cha ukosefu wa ajira nchini Marekani, utakuta Oktoba 2025 haina kitu. Hakuna sifuri, hakuna makadirio, pengo tupu. Serikali kuu ilifungwa kwa kukosa bajeti kuanzia 1 Oktoba hadi 12 Novemba, siku 43, na wadodosaji ambao kila mwezi huhoji kaya zipatazo 60,000 hawakuingia kazini. Mfululizo huo ulianza mwaka 1948, na kabla ya hapo haukuwa umewahi kuruka mwezi. Miezi miwili kabla ya serikali kufungwa, 1 Agosti, Rais Donald Trump alikuwa amemfukuza kazi Erika McEntarfer, mkuu wa Ofisi ya Takwimu za Kazi, BLS, siku ileile ofisi yake iliposhusha hesabu za ajira mpya za Mei na Juni kwa jumla ya nafasi 258,000.

Katika mazungumzo ya Waswahili kuhusu mambo haya, hasa wale walioko huko ughaibuni, nimekutana na tafsiri mbili. Wa kwanza wanasema Marekani imejipofusha, haijijui tena. Wa pili wanasema tusihangaike: Washington ikinyamaza yapo majimbo 50, kila moja na tovuti yake ya takwimu, na tutasoma huko. Nawaona wote wamejikwaa kwenye jiwe moja. Wanadhani kuna visima viwili, cha serikali kuu na cha majimbo, na kimoja kikikauka utachota kingine. Kwa kweli ni mto mmoja. Sehemu kubwa ya namba tunazoziita za taifa huanzia kwa karani wa jimbo, kwenye fomu ya jimbo, chini ya sheria ya jimbo. Na namba nyingi zilizopambwa kwa nembo ya jimbo zimekokotolewa Washington kisha zikarudishwa. Serikali kuu inapoyumba, watu hawaachi kuhesabu. Kinachoanza kulegea ni makubaliano ya nini hasa kinahesabiwa. Msomaji asiyejua hilo atatumia takwimu za majimbo vibaya hata kama hakuna aliyemdanganya.

Chanzo chake ni katiba yao. Mamlaka ambayo katiba haikuipa serikali kuu yalibaki majimboni, na miongoni mwake ni kuandikisha vizazi na vifo, kuendesha shule, polisi na afya ya jamii. Ndiyo maana Massachusetts ilikuwa na daftari la vifo la kuheshimika katika karne ya 19 wakati sehemu kubwa ya nchi haikuwa na lolote. Serikali kuu ilipoanza kukusanya takwimu za vifo kutoka maeneo yenye daftari la kuaminika, mwaka 1880, majimbo yaliyofaa yalikuwa mawili tu, Massachusetts na New Jersey, pamoja na mji mkuu Washington na miji kadhaa. Iliwachukua zaidi ya nusu karne kuyaingiza yote. Texas ndiyo iliyofunga mlango, mwaka 1933. Hadi leo Washington haina cheti chake cha kifo. Inapendekeza mfano wa fomu, inanunua taarifa kutoka kwa majimbo, inazipanga kwa fasili moja na kuzitangaza. Magonjwa ya kuambukiza ni hivyohivyo: daktari anabanwa na sheria ya jimbo kutoa taarifa, lakini jimbo linaipelekea CDC, taasisi ya serikali kuu ya kudhibiti magonjwa, kwa hiari. Mtu aliyezoea mfumo wetu wa Tanzania, ambapo Ofisi ya Taifa ya Takwimu iko Dodoma na Zanzibar ina Mtakwimu Mkuu wake, anaweza kuuona huu kama vurugu. Si vurugu, ila ni mchele mmoja wenye mapishi hamsini.

Wanaosema majimbo ni kimbilio wana hoja nzito, na haifai kuipuuza. Machi 2020, ugonjwa wa korona ulipoingia, serikali kuu haikuwa na hesabu ya uhakika ya waliopimwa. Waandishi wa jarida la The Atlantic na watu wa kujitolea wakaanza kupita kila siku kwenye tovuti za majimbo, moja baada ya nyingine, wakinakili namba kwa mkono. Kazi hiyo, iliyoitwa COVID Tracking Project, ilidumu hadi 7 Machi 2021, na kwa miezi mingi ndiyo iliyotegemewa na vyombo vya habari, na hata na maofisa wa serikali yenyewe. Kufungwa kwa serikali mwaka 2025 kulileta jambo linalofanana na hilo. Tangazo la kila Alhamisi la maombi mapya ya mafao ya kukosa kazi lilisimama, lakini maombi yenyewe hupokelewa na majimbo, nayo hayakufungwa. Wachumi wa mabenki makubwa wakakusanya namba za jimbo kwa jimbo, wakakadiria yale machache ambayo taarifa zake hazikufika, wakapata jumla ya nchi. Atakayekwambia kwamba takwimu za majimbo hazina nguvu, mkumbushe miezi hiyo.

Lakini angalia walichopata. Walipata idadi ya walioomba mafao, na hiyo haifanani na idadi ya wasio na kazi. Aliyeacha kazi mwenyewe kwa kawaida hana haki ya mafao. Kijana aliyemaliza chuo jana hana. Mtu anayejiajiri kwa kuendesha gari lake hana. Zaidi ya hapo, kila jimbo lina kanuni yake. Majimbo mengi hulipa hadi wiki 26. Florida na North Carolina, ukosefu wa ajira ukiwa wa chini, huishia wiki 12. Fundi wa Miami aliyekosa kazi tangu Januari anatoka kwenye orodha ya wanaopokea mafao kabla ya Mei, na jedwali la jimbo linapendeza kidogo kwa kuondoka kwake, ingawa bado anaamka kila asubuhi kutafuta kibarua. Mwenzake wa jimbo lenye wiki 26 angali anahesabiwa. Ukiweka majimbo hayo mawili kwenye chati moja ukasema hili lina uchumi mzuri kuliko lile, umelinganisha sheria mbili ukidhani umelinganisha maisha ya watu. Dawa ya kasoro hiyo ilikuwa ule utafiti wa kaya, unaouliza swali moja kila mahali: wiki iliyopita ulifanya kazi, na kama hukufanya, ulitafuta katika wiki nne zilizopita? Hata kiwango cha ukosefu wa ajira ambacho gavana hutangaza kama cha jimbo lake hutokana na modeli ya BLS inayolishwa na utafiti huohuo. Ukifa utafiti, namba ya gavana nayo inakosa mama.

Yako mambo ambayo majimbo hayana kabisa. Septemba 2025 Wizara ya Kilimo ilitangaza kusitisha ripoti yake ya mwaka kuhusu uhakika wa chakula katika kaya. Majimbo yanajua idadi ya wanaopokea msaada wa chakula, kwa kuwa ndiyo yanayougawa. Hayana kipimo kimoja cha pamoja cha mama aliyelala njaa na hakuomba msaada, na huyo ndiye aliyekuwa akitafutwa na dodoso lile.

Mfano unaofundisha kuliko yote, kwa maoni yangu, ni wa vifo vya uzazi Texas, na inafaa kukaa nao kidogo. Mwaka 2003 mfano wa taifa wa cheti cha kifo uliongezewa kisanduku kinachouliza kama marehemu alikuwa mjamzito au alijifungua karibuni. Nia ilikuwa njema, kwa kuwa vifo vya uzazi vilikuwa vikipotea kwenye vyeti vilivyoandika tu kutokwa na damu au shinikizo la damu. Ila kila jimbo lilianza kukitumia kisanduku hicho kwa mwaka wake, mengine mapema, mengine zaidi ya muongo mmoja baadaye, na California ilikuwa na swali lake lenye maneno tofauti. Matokeo yake, baada ya takwimu za 2007 serikali kuu iliacha kabisa kutangaza kiwango rasmi cha vifo vya uzazi cha nchi nzima. Nchi tajiri kuliko zote duniani ilikaa bila kiwango hicho hadi Januari 2020, ilipotangaza cha mwaka 2018: vifo 17.4 kwa kila vizazi hai 100,000.

Katikati ya ukimya huo, mwaka 2016, watafiti waliotumia vyeti vilevile walionyesha kwamba vifo vya uzazi Texas vilikuwa vimekaribia kuongezeka maradufu kati ya 2010 na 2012. Habari ikazunguka dunia. Wengine walisema ni kwa sababu ya kufungwa kwa kliniki za uzazi wa mpango, wengine bima ya afya, wengine umaskini wa mpakani. Kila mmoja alikuwa na maelezo yake tayari, na namba ikawa ushahidi wa wote. Wataalamu wa idara ya afya ya Texas wakafanya kazi isiyo na umaarufu: walichukua vifo vya mwaka 2012, wakavioanisha na vyeti vya kuzaliwa na kumbukumbu za matibabu, mmoja baada ya mwingine. Mwaka 2018 wakatoa jibu. Vyeti vilionyesha vifo 147. Walivyoweza kuthibitisha ni 56. Kiwango kikashuka kutoka 38.4 hadi 14.6. Sehemu kubwa ya tofauti ilitokana na watu kuchagua chaguo lisilo sahihi kuhusu ujauzito walipokuwa wakijaza cheti kwenye kompyuta. Baadaye takwimu za taifa nazo zilirekebishwa, kisanduku kile kikaacha kutumiwa kwa marehemu wa miaka 45 na kuendelea.

Kuna anayesoma kisa hicho na kuhitimisha kwamba hakukuwa na tatizo. Vifo 56 vya akina mama katika jimbo moja kwa mwaka ni msiba, na Texas haikujitetea kuwa ni kidogo. Ninachokitaka kwenye kisa hiki ni mahali kosa lilipoingia. Halikuingia Washington, wala kwa watafiti waliopiga hesabu, wala ofisini kwa gavana. Liliingia kwenye orodha ya machaguo mbele ya mtu mmoja mwenye haraka. Ukisoma tu ripoti ya mwisho, yenye rangi na ramani, huwezi kuliona. Inabidi ushuke hadi kwenye fomu.

Hapo ndipo inapokuja ile hoja dhaifu kuliko zote, nayo inapendwa sana mitandaoni: kwamba takwimu za majimbo hupikwa na magavana, kwa hiyo zote ni za kutupa. Mifano ya kuichochea ipo. Mei 2020 idara ya afya ya Georgia ilichapisha chati ya maambukizi ambayo siku zake hazikufuata kalenda. Zilipangwa kwa urefu wa nguzo, hivyo ugonjwa ukaonekana ukiteremka kwa utaratibu mzuri kama ngazi. Ofisi ya gavana iliomba radhi. New York ilikuwa ikihesabu kama vifo vya makao ya wazee wale tu waliofia ndani ya makao. Mzee aliyekimbizwa hospitali akafia huko aliingia hesabu nyingine. Januari 2021 Mwanasheria Mkuu wa jimbo, Letitia James, alitoa ripoti iliyosema huenda vifo hivyo vilipunguzwa kwa hadi asilimia 50, na idara ya afya ikatoa hesabu ya waliofia hospitalini.

Sasa jiulize mambo haya yalijulikanaje. Chati ya Georgia ilifichuliwa na wasomaji wa kawaida walioangalia tarehe chini ya nguzo. Upungufu wa New York ulianikwa na ofisi nyingine ya jimbo lilelile. Kosa la Texas lilisahihishwa na Texas yenyewe. Anayesema zote ni za kupikwa hatofautishi kupika, kukosea, na kutumia fasili inayokupendelea, na vitu hivyo vitatu vina dawa tatu tofauti. Kasoro hiyohiyo ndiyo iliyomfukuzisha McEntarfer. Takwimu za ajira husahihishwa kwa sababu waajiri wengine hujibu dodoso wakiwa wamechelewa, na ofisi inayokubali kujisahihisha hadharani ndiyo inayoonyesha kazi yake. Mimi namba ambayo haijawahi kurekebishwa hata mara moja hunitia wasiwasi zaidi.

Ugumu mwingine ni wa kisheria, na wengi hawautarajii. Sheria ya serikali kuu ya mwaka 1966 inampa mtu yeyote, hata aliye Mbeya au Mombasa, haki ya kuomba nyaraka za ofisi za shirikisho. Majimbo yana sheria zake. Virginia, kwa mfano, haki hiyo imeiwekea raia wake. Mkazi wa Rhode Island na mwingine wa California walikwenda mahakamani kulipinga hilo, na mwaka 2013 Mahakama ya Juu ya Marekani ikasema, kwa sauti moja, kwamba Virginia haikuvunja katiba. Kama Mmarekani wa California anafungiwa mlango, wewe wa Mbeya tegemea zaidi kilichokwisha kuchapishwa, au mtafute mkazi akuombee. Hakimiliki nayo ina mtego: kazi ya mtumishi wa serikali kuu haina hakimiliki, lakini kazi ya jimbo haina kinga hiyo ya moja kwa moja, kwa hiyo soma masharti ya tovuti kabla ya kunakili jedwali zima. Na ukilinganisha bajeti, majimbo 46 huanza mwaka wa fedha 1 Julai kama sisi, New York huanza Aprili, Texas Septemba, Alabama na Michigan Oktoba. Nimewahi kusoma uchambuzi wa kurasa nyingi uliolinganisha matumizi ya Texas na New York ya “mwaka 2020” bila kutaja hili hata kwenye tanbihi, na mwaka huo, wa korona, miezi mitano ilikuwa na uzito wake.

Kwa Waswahili walioko Marekani jambo hili si la nadharia. Machi 2025 amri ya rais iliifanya Kiingereza lugha rasmi na kufuta amri ya mwaka 2000 iliyozitaka ofisi za shirikisho kuwahudumia wasiojua Kiingereza vizuri. Sheria ya Haki za Kiraia ya 1964, inayokataza kumbagua mtu kwa asili yake, ingali pale, lakini uamuzi wa kuweka mkalimani hospitalini au kutafsiri fomu ya shule unazidi kuangukia jimbo, kaunti na wilaya ya elimu, na huko utaulizwa: mko wangapi? Jumuiya moja iliponiomba niisaidie kujibu swali hilo, namba ya kwanza iliyopatikana ilikuwa kwenye ukurasa wa jimbo, safi, yenye neno Kiswahili. Nilipofuata ilikotoka nikafika kwenye utafiti wa shirikisho unaotumwa kwa anwani zipatazo milioni 3.5 kila mwaka, na kundi lenyewe linaitwa Kiswahili au lugha nyingine za Afrika ya Kati, Mashariki na Kusini. Humo wamo wa Kinyarwanda, Kilingala, Kishona na Kizulu. Wasomali wako kundi jingine pamoja na Waamhara. Hesabu ya shule, ambayo kweli ni ya jimbo, huuliza lugha ya nyumbani kwa mtoto, na mzazi wa Kivu anayezungumza Kibembe na Kiswahili ataandika ile anayodhani mwalimu ameisikia. Namba hizo mbili hazikulingana, na hazikupaswa kulingana.

Tulipeleka zote mbili, kila moja na jina lake kamili na inachokijumuisha. Kuna waliotaka tupeleke iliyo kubwa tu. Nilipinga, kwa sababu ya kiutendaji kuliko ya kimaadili: ofisa atakayeipokea ana mtakwimu, na mtakwimu ataiona fasili kabla ya kuiona namba. Ukiomba mkalimani wa Kiswahili kwa hesabu iliyojaa wasemaji wa Kizulu, umempa sababu ya kukunyima. Kwa kazi ya namna hii kuna mlango ambao watu wetu hawaugongi: vituo vya takwimu vya majimbo, mtandao ulioanzishwa na Ofisi ya Sensa mwaka 1978, ambavyo vingi viko vyuoni au katika idara za mipango. Cha Kentucky kiko Chuo Kikuu cha Louisville. Wafanyakazi wake hulipwa kujibu maswali ya aina hiyo, na swali lenye maana kuliko “mko wangapi” ni “fomu iliyozaa namba hii iliuliza nini?” Penye miti, wanasema, hapana wajenzi.

Sisi tuliobaki huku tuna mazoea yaliyo kinyume. Mwaka 2018 sheria yetu ya takwimu ya 2015 ilibadilishwa ili asiyepata kibali asitangaze namba inayopingana na ya serikali. Mwaka uliofuata ikalegezwa. Woga wa wakati ule ulikuwa kwamba namba mbili zitachanganya watu. Marekani ina namba mbili, tatu, hamsini, na zimewachanganya kweli, kama Texas inavyoonyesha. Lakini hesabu ya 56 isingepatikana kama sheria ingemkataza mtu kuipinga ile ya 147.

Turudi Oktoba. Pengo lile halitazibwa, maana hakuna mdodosaji awezaye kubisha hodi leo na kuuliza ulitafuta kazi wiki fulani ya Oktoba 2025. Hata hivyo mwezi haukupotea wote. Waajiri wa kila jimbo huwasilisha kila robo mwaka hesabu ya wafanyakazi wao na mishahara kwa ajili ya kodi ya mfuko wa mafao, serikali kuu ifunguliwe au ifungwe. Makaratasi hayo hufikia zaidi ya asilimia 95 ya ajira zote, na hutoka miezi kadhaa baadaye, kaunti kwa kaunti. Yatasema ni wangapi walikuwa kwenye orodha ya mishahara Oktoba ile. Waliokuwa wakizunguka mtaani kuitafuta kazi hawamo, kwa kuwa fomu ya mwajiri haina mahali pa kuwaandika.